Kumi na Wawili Ambao Hawakufika

Kila asubuhi saa mbili, karani kutoka makao makuu alifika kwenye kiwanda cha kushona sare, akapita katikati ya vyerehani na daftari lake, kisha akaandika kwa chaki kwenye ubao wa mlangoni: WALIOFIKA, na mbele yake asilimia. Idadi ya watu hakuiandika. Idadi, alisema, ni ya wakubwa. Asilimia inawatosha wengine. Akishamaliza alipanda pikipiki yake kwenda viwanda vingine, maana yeye hakuwa mtu wa pale na wala hakujihesabu humo. Wafanyakazi walimwita Desimali. Kama hesabu yake ilikuwa na nukta, angeiandika hata umkabe koo. Siku moja aliandika 93.3, msimamizi akamwomba afute hiyo nukta tatu kwa kuwa inachafua ubao, na Desimali akamtazama kama mtu aliyeambiwa akaibe.

Nyuma ya Desimali, kila asubuhi, alitembea mwanamke wa makamo waliyemwita Mama Vifuniko. Kazi yake ilikuwa kufagia, kufuta na kufunika. Vumbi la pamba ni adui wa cherehani. Likilala humo kutwa, kesho yake mashine inagoma. Kwa hiyo kila mahali pa kazi ambapo mwenyewe hakufika, iwe cherehani, meza ya kukatia au ubao wa pasi, palifunikwa kwa kitambaa kizito. Desimali akihesabu waliokuja, Mama Vifuniko alikuwa akiwafunika wasiokuja. Idadi yao aliijua bila kutaka, maana kila kifuniko alikibeba kwa mikono yake.

Asilimia zenyewe ndizo zilizomtia kiwewe. Wakubwa walikuwa wametangaza nafasi ya msimamizi msaidizi, yenye mtihani, na mtihani wenye hesabu. Binti yake alikuwa amemshikia bango. "Mama, utafagia mpaka lini? Jiandikishe. Mimi nitakufundisha."

Binti huyo alikuwa mtoto wake wa pekee, na alikuwa askari wa zimamoto. Siku alipoleta habari ya kazi hiyo, mama alilia kama aliyeletewa habari ya msiba. "Watu wanaukimbia moto, wewe unaukimbilia! Nani kakuroga?" Binti alicheka, akaenda. Tangu hapo kila king'ora kilichosikika mjini kilimfanya mama aache alichoshika, na hakutulia mpaka amsikie mwanawe akivua viatu mlangoni. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, na mzazi huyu alikuwa peke yake wa kuujua.

Basi jioni moja walikaa mezani, daftari katikati.

"Asilimia kumi na tano ya mayai yamevunjika," binti alisoma, "nayo ni mayai kumi na nane. Mayai yote yalikuwa mangapi?"

Mama aliuma kalamu, akaandika, akafuta, akaandika tena. Mwisho akasema kwa sauti ya chini, "Mawili nukta saba."

Binti alicheka mpaka akashika mbavu. "Mama! Yaliyovunjika peke yake kumi na nane, halafu yote yawe mawili na kipande? Huyo kuku katagaje?"

"Si wamesema asilimia? Nikatafuta asilimia kumi na tano ya kumi na nane!"

"Hiyo kumi na nane siyo jumla, mama. Ni kipande tu cha jumla, na jumla yenyewe imefichwa. Gawa kwa kumi na tano upate asilimia moja. Ukishaipata hiyo moja, zidisha kwa mia. Basi."

Kumi na nane kwa kumi na tano: moja nukta mbili. Mara mia: mayai mia na ishirini. Ilionekana rahisi kama kunywa maji. Akapewa nyingine tano, akakosa tatu. Alikwenda kulala akijiona mjinga wa mwisho.

Alhamisi ya wiki hiyo Desimali aliandika 92, akapanda pikipiki, akaondoka. Mama Vifuniko alifunika mahali kumi na mbili.

Saa nne kasorobo, pasi moja iliyokuwa imeachwa juu ya rundo la suruali ilianza kutoa moshi. Aliyekuwa karibu aliinyanyua, na hewa ikaingia kwenye rundo. Ndani ya dakika tano chumba cha pasi kilikuwa kinawaka, na vumbi la pamba lililolala juu ya boriti za paa kwa miaka likashika moto likikimbia dari nzima. Watu walipiga kelele, wakasukumana, wakatoka wote kwa mlango wa mbele, maana ule wa nyuma ulikuwa na kufuli na ufunguo wake haukujulikana ulipo. Mama Vifuniko alijikuta barabarani, kiatu kimoja mguuni, mkononi ameshika ufagio. Hakukumbuka kuuchukua.

Gari la zimamoto lilikuja likipiga king'ora. Wa pili kuruka chini alikuwa binti yake. Kabla hajafunga kofia alipitisha macho katika umati, akamwona mama yake, akashusha pumzi. Kisha akageuka kuvuta mpira wa maji pamoja na wenzake.

Mkuu wa kikosi, mtu mrefu mwenye mvi masharubuni, alimwendea msimamizi wa kiwanda. "Wote wametoka?"

"Kila safu imetazamana, mkuu. Hakuna aliyekosekana."

"Sijauliza kutazamana. Hesabu."

Msimamizi aliwapanga watu kando ya ukuta wa jirani, akapita akiwagusa mabega. "Mia moja thelathini na sita."

"Na wewe mwenyewe umejihesabu?"

"Thelathini na saba."

"Daftari la majina liko wapi?"

Daftari alikuwa nalo Desimali, na Desimali alikuwa barabarani juu ya pikipiki, simu yake inaita tu bila kupokelewa. Msimamizi alijifuta jasho. "Lakini watu wangu nawajua. Jumla yetu ni mia moja arobaini na tisa. Leo hawakufika... Mama Vifuniko! Leo umefunika wangapi?"

"Kumi na wawili."

"Haya. Arobaini na tisa toa kumi na mbili, thelathini na saba. Mia moja thelathini na saba, na wote ndio hawa hapa. Ndani hakuna mtu."

Mkuu alitazama paa lililoanza kulia kwa joto, akapaza sauti. "Hakuna anayeingia! Tunazima kwa nje!"

Mama Vifuniko aliposikia hivyo alifumba macho, akamshukuru Mungu kimoyomoyo, mara tatu. Mwanawe angebaki nje. Angemwagia maji ukuta, jioni angerudi nyumbani na kuvua viatu mlangoni. Furaha ile ilidumu kwa muda wa kufikisha kidole mdomoni.

Maana hesabu ilikuwa imeshamwingia kichwani, na haikutaka kutoka. Waliofika tisini na mbili. Kwa hiyo wasiofika ni nane katika mia. Na wasiofika ni kumi na wawili, aliwafunika mwenyewe. Kumi na wawili ni kipande tu, jumla imefichwa. Gawa kwa nane: moja na nusu. Zidisha kwa mia.

Mia moja hamsini.

Si mia moja arobaini na tisa. Hamsini. Alijiambia: wewe na hesabu wapi na wapi, juzi umefanya kuku atage mayai mawili na kipande. Akarudia kwa vidole vya mkono, midomo ikicheza. Ikatoka ile ile. Akajaribu ya jana, kwa kuitafutia kosa. Jana alifunika mahali tisa, na ubao ulisema 94. Wasiofika sita katika mia, nao ni tisa. Tisa gawa kwa sita: moja na nusu. Mara mia. Mia moja hamsini tena.

Alishika tumaini la mwisho. Huenda Desimali alikadiria tu, watu wakiwa mia moja arobaini na tisa. Akachukua asilimia moja ya hao, moja nukta nne tisa, akaizidisha kwa nane: kumi na moja nukta tisa mbili. Haifiki kumi na mbili. Desimali angekuwa na nukta ya kuandika hapo, na Desimali hajawahi kuiacha nukta katika maisha yake. Ubao wa leo ulisema tisini na mbili kavu.

Basi waliofika walikuwa mia moja thelathini na wanane, na mmoja wao hakuwa barabarani.

Hapo ndipo hofu ilipomshika kweli. Moto ulikuwa umemtisha, ndiyo, ila kwa moto mtu unakimbia. Hii ya sasa haikuwa na pa kukimbilia. Alijua kwamba akifungua mdomo mtu ataingia mle ndani, na aliwaona waliokuwa na mitungi ya hewa mgongoni tayari. Walikuwa wawili. Mmoja alikuwa kijana mnene asiyemjua. Wa pili alimzaa mwenyewe.

Na akinyamaza? Nani angejua? Msimamizi kasema wote wametoka, mkuu kaamini. Kama hesabu yake ni mbovu, kama kawaida yake, atakuwa amempeleka mwanawe akafe kwa ajili ya mtu asiyekuwepo. Alisimama pale, ameukumbatia ufagio, na tuseme ukweli, alinyamaza. Alinyamaza kwa muda ambao baadaye hakupenda kuupima.

Kisha miguu ikaenda.

"Mkuu," alisema. "Kuna mtu mmoja ndani."

"Umemwona?"

"Sijamwona. Nimempiga hesabu."

Msimamizi alikuja juu. "Mfagiaji ndiye wa kunihesabia watu wangu? Mama, kaa pembeni, umechanganyikiwa na moshi!"

Lakini mkuu aliinua mkono kumnyamazisha, na Mama Vifuniko akaieleza yote, ubao na vifuniko, ya leo na ya jana, maneno yakimkwama na mengine akiyarudia mara mbili. Alipofika kwenye nukta ya Desimali, wafanyakazi waliokuwa karibu waliacha kunong'ona. Kila mmoja wao alikijua kichaa cha Desimali.

Mkuu alimgeukia msimamizi. "Hiyo arobaini na tisa yako ni ya lini?"

"Ya Jumatatu."

"Leo Alhamisi."

"Jumanne nilikuwa na ruhusa," msimamizi alisema, na rangi ikaanza kumtoka usoni. "Makao makuu wakati mwingine wanaleta kibarua wa stoo... wanamleta moja kwa moja na Desimali, bila kunipitia mimi. Yule hana safu. Hakai na watu." Alishika kichwa kwa mikono miwili. "Mungu wangu, sijui. Sijui kama wameleta."

Mkuu hakungoja zaidi. Aliwaita wawili wale, akawaonyesha stoo kwenye mchoro alioupiga kwa kidole kwenye vumbi la bodi ya gari. "Hewa dakika ishirini. Nikisema tokeni, mnatoka." Binti alivaa barakoa. Alipompita mama yake aligusa bega lake kwa glavu, akaingia mlangoni akiwa ameinama. Moshi ukajifunga nyuma yake.

Mama Vifuniko alisimama kando ya mkuu kwa sababu redio ilikuwa kwa mkuu. Ilikoroma tu. Alisikia pumzi za watu wawili ndani yake, nzito na za taratibu, na akajikuta anapumua nazo. Mwenzake mmoja wa safu ya kushonea mikono ya mashati alikuja kumshika kiuno.

"Tuko stoo," sauti ya binti ilisema redioni. "Giza. Tunapapasa." Kitu kilianguka kwa kishindo, paa la chumba cha pasi likazama nusu, na umati wote ukapiga yowe. Mama aliisogelea redio.

"Stoo tumemaliza, mkuu. Hakuna mtu."

Mkuu alimtazama Mama Vifuniko. Msimamizi naye alimtazama, na machoni mwake mlikuwa na kitu kama afueni.

"Joto linapanda," binti alisema. "Mkuu, mama yangu yuko hapo? Muulize kama ana uhakika."

Mkuu alimsogezea redio mdomoni, akabonyeza kitufe.

Hakuna siku katika maisha ya mwanamke yule ambayo jambo lilikuwa karibu hivyo na rahisi hivyo. Neno moja tu: nimekosea. Si uongo mkubwa. Alikosea kila jioni, daftari lipo nyumbani, shahidi ni binti mwenyewe. Nimekosea, mwanangu, toka. Nani angemlaumu? Mdomo ulishafunguka. Aliiona hesabu imesimama mbele yake, kumi na mbili, nane, moja na nusu, na akaichukia kwa chuki ambayo hajawahi kumchukia mtu nayo.

"Mia moja hamsini," alisema.

Redio ilikoroma.

"Nyuma ya majora ya vitambaa," aliendelea, machozi yakimwingia mdomoni, "ukutani mkono wa kushoto, kuna mlango mfupi. Ni bafu la zamani, ndimo ninamofulia vifuniko vyangu. Mgeni akiona mlango huo atadhani ni wa kutokea. Tazama humo. Tazama humo halafu utoke, mwanangu, nakuomba utoke."

Dakika zilizofuata hazielezeki, kwa hiyo sitajaribu sana. Alijikunyata akakaa chini kwenye lami yenye maji. Alisikia majora yakiburutwa. Alisikia kijana mnene akikohoa, na mkuu akisema dakika sita, dakika tano. Alisikia mlango ukipigwa teke, mara ya kwanza, ya pili. Akasikia binti akisema neno moja, "Yupo," na mkuu akapiga kelele mpaka mshipa ukamsimama shingoni: "Tokeni! Tokeni sasa hivi!"

Walitokea wakiwa watatu. Kijana mnene alikuwa amebeba miguu, binti amebeba mabega, na katikati yao mwanamke kijana mwenye kitambaa kilicholowa kimefungwa puani. Kumbe alikuwa amefungulia bomba la bafuni na kujilaza chini yake. Walimweka kwenye machela, akakohoa, akatapika maji meusi, akakohoa tena. Hakuna mtu aliyewahi kushangilia kikohozi kama walivyokishangilia hicho.

Msimamizi alisogea, akainama juu ya machela. "Huyu ni nani?"

Aliwageukia watu wake. Mia moja thelathini na sita walinyoosha shingo, wakatazamana, na hakuna aliyejua. Hatimaye msichana mmoja wa meza ya vifungo alisema kwa aibu, "Nadhani ndiye aliyeniuliza choo kiko wapi, jana. Sikumuuliza anaitwa nani." Gari la wagonjwa likamchukua mwanamke huyo, na msimamizi akapanda naye bila kuambiwa, akiwa bado ameshika kichwa.

Binti alikuwa ameketi kwenye ngazi ya nyuma ya gari la zimamoto, kofia miguuni, uso umejaa masizi isipokuwa pale barakoa ilipokaa. Mama alimfikia, akampiga kofi la bega, akampiga la pili, halafu akamshika kichwa akakibana kifuani pake. Walikaa hivyo mpaka mama akapata pumzi za kusemea.

"Nisikilize," alisema. "Uliponiuliza kwenye redio, nilitaka kusema nimekosea. Neno lilishafika mdomoni. Nilikuwa na uhakika wa hesabu, na bado nilitaka kusema nimekosea ili utoke, huyo mtoto wa watu abaki humo. Mungu anisamehe. Nilitaka kabisa."

Binti alimimina maji ya chupa kiganjani, akajifuta masizi machoni.

"Najua, mama," alisema. "Nilikuuliza ili useme hivyo."